M'Siri wa Bunkeya: mwami wa shaba aliyekatwa kichwa, na sanamu iliyotoka katika shaba ya Katanga

Muji wa Likasi umejengwa juu ya shaba. Wachimbaji wanaitoa katika udongo, malori yanaipeleka mbali, na katika miji ya Katanga mafundi wanapiga bamba zake kwa nyundo mpaka zinatokeza sura ya mutu: mama anayetwanga, muvuvi kwenye mutumbwi, muzee mwenye ndevu. Lakini moja kati ya sanamu kubwa za mutu zilizofanywa kwa shaba ya Katanga haiko Likasi wala Lubumbashi. Iko Ulaya, katika muji wa Bruxelles, mahali panapoitwa Place du Trône, karibu na jumba la kifalme.

Sanamu hiyo inaonyesha mutu mwenye ndevu ndefu aliyepanda farasi. Ni Leopold II, mufalme wa Ubelgiji. Ilizinduliwa mwaka 1926. Maandishi yaliyo hapo yanaeleza kwamba shaba na bati zake zilitoka Kongo, na kwamba zilitolewa bure na kampani Union Minière du Haut-Katanga. Katika miaka hiyo kampani hiyo ilikuwa ikichimba Kambove na Likasi.

Miaka 35 mbele ya uzinduzi huo, inchi yenye kuwa na shaba hiyo ilikuwa na mutawala wake. Aliuawa na watu waliokuja kwa ajili ya Leopold, na kichwa chake kikakatwa. Jina lake ni M'Siri, mwami wa Bayeke. Ili kuelewa sanamu ile ya Bruxelles, ni lazima kujua maisha yake.

Mutoto wa muchuuzi wa shaba

M'Siri alizaliwa karibu na mwaka 1830 katika inchi ya Wasumbwa, upande wa Tabora, katika Tanzania ya leo. Jina lake lilikuwa Ngelengwa. Baba yake, Kalasa, alikuwa muchuuzi. Pamoja na wenzake alikuwa akivuka inchi nyingi kwa miguu mpaka Katanga, ili kununua shaba na pembe za ndovu na kurudi kuziuza kwao. Wenyeji wa Katanga waliwaita wageni hao Bayeke, jina lenye kutoka kwa wawindaji wa tembo.

Kalasa alijua kwamba katika biashara ya mbali urafiki ni mali kuliko bidhaa. Alifanya agano la damu na wakubwa wa Katanga, na Ngelengwa alikua akiona ginsi urafiki huo ulivyofungua njia. Karibu na mwaka 1856 kijana huyo alirudi Katanga na watu wake, na safari hii hakuja kununua tu na kuondoka. Alikuja kukaa.

Alikuwa na kitu ambacho wakubwa wengi wa pale hawakukuwa nacho: bunduki. Zilikuwa chache, lakini zilitosha. Alimusaidia Mpande, mukubwa wa Basanga, kupigana na maadui zake. Kisha akasaidia wengine. Kila musaada ulikuwa na bei, na bei hiyo ilikuwa watu, ardhi na utii. Pole pole wale walioomba musaada wakajikuta chini ya musaidizi. Ushuru uliokuwa ukienda kwa Mwata Kazembe, upande wa Luapula, ukakatwa. Ngelengwa akawa M'Siri, ao Mushidi, na ufalme wake ukajulikana kwa jina la Garanganze. Makao yake makubwa yalikuwa Bunkeya, kaskazini ya mahali ambapo Likasi ipo leo.

Kazi ya kula shaba

M'Siri hakuanzisha kazi ya shaba katika Katanga. Aliikuta ikiwa ya zamani sana. Katika makaburi ya kale ya Sanga, kwenye bonde la Upemba, watu walizikwa na misalaba midogo ya shaba mbele ya wakati wake kwa mamia ya miaka. Misalaba hiyo iliwekwa kwenye kifua, mikononi ao karibu na kiuno cha maiti. Mingine, mikubwa zaidi, ilikuwa feza za biashara.

Basanga waliita kazi hiyo kula shaba, maana ndiyo iliyowalisha. Ilianza wakati wa kiangazi, kisha mavuno. Mukubwa wa kazi aliwatangazia watu, kambi ikajengwa karibu na mulima wenye shaba, na kila mutu akapewa sehemu yake. Wanaume walichimba mawe ya kijani yanayoitwa malakiti. Wanawake na watoto walichagua yaliyo mazuri na kuyasafisha. Wengine walikata miti ya kuchoma makala. Matanuru yalijengwa kwa udongo wa vichuguu, kwa sababu udongo huo unavumilia moto. Mivukuto ya ngozi ya wanyama ilipuliza usiku na muchana mpaka jiwe likalegea na shaba ikatelemuka kama maji mekundu. Shaba hiyo iliyeyushwa tena ili kutoa uchafu, kisha ikamwangwa katika muchanga uliochorwa umbo la musalaba.

Haikuwa kazi ya nguvu tu. Mafundi wakubwa walikuwa na chama chao na siri zao. Walikuwa na dawa, na miiko iliyopaswa kufuatwa ili shaba isikatae kutoka. Kwa watu wengi wa Afrika ya kati, tanuru ilikuwa kama mwili wa mama, na kuyeyusha madini ilikuwa kama kuzalisha. Kati ya Wachokwe, upande wa magharibi, tanuru za chuma zilijengwa wazi wazi kwa umbo la mwanamuke, na maziwa ya udongo mbele. Kwa hiyo umbo la mutu lilikuwa kwenye kazi ya madini toka mwanzo, lakini lilikuwa kwenye chombo chenye kuzaa, si kwenye kitu kilichozaliwa.

Bayeke waliongeza ufundi wao. Walijua kupiga kipande cha shaba mpaka kikawa fimbo nyembamba, kisha kukivuta katika tundu la chuma, tundu dogo kisha tundu dogo zaidi, mpaka kikawa waya mwembamba kama uzi. Waya huo ulizungushwa juu ya nyuzi za miti ao nywele za wanyama, ukawa bangili za kuvaa mikononi na miguuni. Bangili hizo zilipendwa na kuuzwa mbali.

Hapo ndipo tofauti kubwa inaonekana. Katika Katanga ya zamani, sura ya mutu ilichongwa zaidi katika muti na katika pembe, kama Baluba walivyofanya kwa ustadi mukubwa. Shaba yenyewe ilienda kwenye mwili: ilivaliwa na watu wazima, ilitolewa kama mahari, ilimusindikiza maiti kaburini. Ilionyesha heshima ya mutu bila kufanya nakala ya uso wake.

Bwana wa njia mbili

Nguvu ya M'Siri ilitoka katika kushika njia mbili za biashara kwa wakati mumoja. Upande wa mashariki, misafara ilitoka pwani ya Bahari ya Hindi, ikiletwa na Waswahili, Waarabu na Wanyamwezi. Upande wa magharibi, misafara ya Waovimbundu ilitoka Bihe na Benguela, katika Angola ya leo. Alitoa shaba, pembe za ndovu, chumvi na watumwa. Alipokea bunduki, baruti, vitambaa na shanga. Kati ya wake zake wengi kulikuwa Maria da Fonseca, mwanamuke mwenye damu ya Kireno aliyetoka upande wa Angola. Ndoa yenyewe ilikuwa sehemu ya biashara.

Wageni wa Ulaya walianza kufika. Mwaka 1884 walikuja Wajerumani Richard Böhm na Paul Reichard. Mureno Roberto Ivens aliwafuata. Mwaka 1886 akafika Frederick Stanley Arnot, mumisionere kutoka Scotland, na M'Siri akamuruhusu kukaa. Wamisionere wengine walikuja kisha yeye, kati yao Dan Crawford.

Wageni hao walikuta mufalme mwenye akili na mwenye kupenda habari za mbali. Walikuta pia hofu. Kwenye boma lake la Bunkeya mafuvu ya watu yalikuwa yamewekwa juu ya miti, ili kila mupita njia aone mwisho wa wapinzani. Inchi iliyomezwa kwa bunduki ilishikwa kwa bunduki. Watu waliuzwa, vijiji vilitozwa ushuru muzito, na azabu ilikuwa kali.

Mwanzoni mwa mwaka 1891 Basanga, wenyeji waliompokea yeye na baba yake kama wageni, waliasi. Walifunga njia, wakashambulia vijiji, na chakula kikaanza kukosa Bunkeya. M'Siri alikuwa muzee, na baruti ilikuwa imepungua. Wakati huo huo, mbali sana, watu ambao hajawaona walikuwa wakigawana inchi yake kwenye karata.

Bendera

Kisha mapatano ya Berlin ya mwaka 1885, Leopold II alihesabu Katanga kuwa ndani ya mipaka ya Kongo yake. Lakini karata peke yake haikutosha. Alihitaji mutawala wa inchi akubali bendera. Waingereza nao waliitamani. Mwezi Novemba 1890 Alfred Sharpe alifika Bunkeya kwa ajili ya kampani ya Cecil Rhodes, na M'Siri akakataa kutia alama kwenye mukataba wake. Mwezi Aprili 1891 Paul Le Marinel alifika kwa ajili ya Leopold, naye pia hakupata jibu alilotaka. Alikubaliwa tu kuacha kituo kidogo kwenye muto Lofoi.

Ndipo msafara wa tatu wa Leopold ukafika, tarehe 14 Desemba 1891. Uliongozwa na kapiteni William Stairs, muzaliwa wa Halifax katika Kanada, aliyekodiwa na Compagnie du Katanga. Wazungu walikuwa wachache. Wengi katika msafara walikuwa askari na wapagazi kutoka Zanzibar na pwani, watu wenye kusema Kiswahili. Waliingia Bunkeya wakati wa njaa na uasi, na waliona haraka kwamba mufalme hana nguvu ya zamani.

Mazungumzo yalikuwa mafupi. M'Siri alitaka baruti na urafiki bila kupoteza uhuru wake. Stairs alitaka bendera. Mwishowe Stairs alipandisha bendera ya Leopold juu ya kilima bila ruhusa, na M'Siri akaondoka usiku kwenda Munema, kijiji chenye boma karibu na Bunkeya.

Tarehe 20 Desemba Stairs alimutuma kapiteni Omer Bodson, Mubelgiji, na askari karibu mia moja ili wamulete. Bodson aliingia ndani ya boma na watu wachache. Maneno yakawa makali, na Bodson akamupiga M'Siri risasi. Masuka, mutu wa familia ya mufalme, akamupiga Bodson risasi papo hapo, naye akakufa kwa kidonda hicho. Vita vifupi vikaendelea kati ya nyumba.

Watu wa msafara walikata kichwa cha M'Siri na kukibeba mpaka kwenye kambi. Kikawekwa juu ya muti ili watu waone kwamba ni kweli amekufa. Ilikuwa desturi ile ile ya M'Siri mwenyewe, sasa mikononi mwa wale waliosema wameleta ustaarabu. Mapokeo ya Bayeke yanasimulia kwamba kichwa hakikurudi kuzikwa pamoja na mwili, kwamba kilichukuliwa ndani ya debe, na kwamba kiliwaletea kifo wale waliokibeba. Stairs mwenyewe hakufika kwao. Alikufa kwa malaria huko Chinde, kwenye pwani ya Msumbiji, mwezi Juni 1892.

Mukanda-Bantu, mutoto wa M'Siri, alikubali bendera na akawekwa kuwa mukubwa wa Bayeke. Ufalme aliopewa ulikuwa kipande kidogo tu cha ule wa baba yake.

Toka mulima mpaka farasi wa shaba

Mwezi uliofuata ukafika msafara mwengine wa Wabelgiji. Ndani yake kulikuwa Jules Cornet, mutaalamu wa mawe. Mwaka 1892 alizunguka katika inchi ya shaba na kuandika alichoona. Mashimo ya mafundi wa zamani ndiyo yaliyoonyesha wazungu mahali pa kuchimba: penye shimo la babu, palikuwa shaba. Mwaka 1906 Union Minière du Haut-Katanga ikaundwa, na mwaka 1911 shaba yake ya kwanza ikayeyushwa Lubumbashi. Likasi ikakua pamoja na machimbo, na kisha kiwanda cha kusafisha madini cha Panda, kilichoanza mwaka 1921. Mwaka 1931 muji ukaitwa Jadotville, kwa heshima ya Jean Jadot, mukubwa wa makampani ya Ubelgiji. Ulirudi kuitwa Likasi mwaka 1966.

Wakati mashine za Panda zilikuwa zikifanya kazi, Bruxelles ilikuwa ikimutayarishia Leopold sanamu. Fundi wake alikuwa Thomas Vinçotte, aliyezaliwa mwaka 1850, na aliyekwisha kuchonga sura ya mufalme huyo mara nyingi. Sanamu kubwa za namna hiyo huanza kwa udongo laini, unaoshikwa na kiunzi cha chuma ndani yake. Umbo la udongo linachukuliwa kwa plasta, na kutoka kwa plasta kalibu inatengenezwa, kipande kwa kipande. Kisha shaba inayeyushwa pamoja na bati kidogo. Muchanganyiko huo, bronzi, ni mugumu kuliko shaba tupu na unaingia vizuri katika kila kona ya kalibu. Unamwangwa kwa unene mudogo, ndani panabaki tupu, vipande vinaunganishwa, na viungo vinasuguliwa mpaka havionekani tena. Vinçotte alikufa mwaka 1925, mwaka mumoja mbele ya sanamu kuzinduliwa.

Leopold hakukanyaga Kongo hata siku moja. Lakini mwili wake wa pili, ule wa bronzi, ulitoka katika udongo wa Kongo. M'Siri aliishi juu ya shaba hiyo zaidi ya miaka 30, na hata kichwa chake cha mufupa hakikubaki na watu wake.

Sanamu ya mutu inahitaji mambo mane: madini, moto, fundi, na mutu mwenye uwezo wa kuamua ni nani ataonyeshwa. Katanga ilikuwa na madini. Moto na ufundi ilikuwa navyo zamani, kwa namna yake. Kilichoondolewa siku ile ya Munema kilikuwa lile jambo la nne. Wafanyakazi waliochimba na kubeba mawe hawakuulizwa shaba yao ichukue uso wa nani, na majina yao hayakuandikwa penye sanamu. Jina la kampani ndilo lililoandikwa.

Sanamu iliyosafiri

Nakala ya sanamu hiyo ilisimamishwa Léopoldville, ambayo leo ni Kinshasa, mwaka 1928. Shaba ya Kongo ilirudi Kongo ikiwa na sura ya Leopold. Ilisimama pale mpaka mwaka 1967, serikali ya Mobutu ilipoiondoa. Mwezi Februari 2005 ilirudishwa kwenye barabara kubwa ya Kinshasa kwa agizo la waziri wa utamaduni wa wakati huo, kisha ikaondolewa tena hata siku mbili hazijapita. Leo iko kwenye mulima Ngaliema, mahali pa makumbusho.

Kwa M'Siri, jambo si jepesi pia. Bayeke wanamukumbuka kila mwaka tarehe 20 Desemba huko Bunkeya, na nyumba yake ya kifalme ingaliko. Godefroid Munongo, aliyekuwa waziri wa mambo ya ndani katika Katanga ya Tshombe na kisha mwami wa Bayeke, alitoka katika ukoo wake. Lakini kwa wajukuu wa Basanga na wengine, M'Siri alikuwa pia mugeni aliyekuja na bunduki, akauza watu, akaweka mafuvu juu ya miti. Fundi wa leo mwenye kutaka kumutokeza katika shaba atapaswa kuchagua ni M'Siri yupi: yule aliyekataa bendera, ao yule aliyeogopwa na majirani zake. Sura moja tu ya chuma haiwezi kusema yote mawili kwa urahisi, na ndiyo sababu sanamu zinaleta mabishano kuliko vitabu.

Huko Bruxelles mabishano hayo hayajaisha. Mwezi Juni 2020 Leopold wa Place du Trône alimwangiwa rangi nyekundu. Mwaka 2022 kundi la wataalamu lililowekwa na jimbo la Bruxelles lilitoa ripoti juu ya alama za ukoloni katika muji. Kati ya mawazo yake lilikuwa hili: sanamu ile ingeweza kuyeyushwa, na madini yake kufanywa kumbukumbu ya watu walioumizwa na ukoloni.

Wazo hilo likifuatwa, shaba iliyotoka katika milima ya Katanga itarudi motoni kwa mara nyingine. Haitapoteza kitu, shaba inaweza kuyeyushwa mara nyingi na ikabaki shaba. Mwaka 1926 umbo lake liliamuliwa bila watu wa Kambove, wa Likasi na wa Bunkeya. Safari hii wako, wanasoma habari hizo, na wengi wao wanajua ilitoka wapi.